Kenya ni 1278, Uganda ni 1279: Mawe mawili yaliyonaswa usiku mmoja

Sisi wa mpakani tumezoea kuona Kenya na Uganda zikigusana. Upande huu shilingi moja, upande ule shilingi nyingine. Huku chapati na maharagwe, kule rolex. Katikati kuna foleni ya malori ambayo siku zingine inaanza Malaba na kurudi nyuma hadi unasahau mwisho wake uko wapi.

Sasa kuna Kenya nyingine na Uganda nyingine ambazo hazijawahi kuona lori wala afisa wa forodha, na hakuna msee hata mmoja amewahi kuzikanyaga. Ziko angani. Kenya ni namba 1278 na Uganda ni namba 1279. Zimefuatana hivyo hivyo kwenye orodha rasmi, kama vile mtu alikaa chini akaamua kuuchora mpaka wetu upya, mamilioni ya kilomita kutoka hapa Kocholia.

Hii si stori ya kuforwadiwa WhatsApp. Ni asteroidi mbili za kweli. Zilipatikana usiku mmoja, na mtu mmoja, kutoka mji mmoja. Nimeishi hapa miaka yote hii, nikafika hadi chuo kabla karo haijanirudisha nyumbani, na hakuna mwalimu hata mmoja aliyewahi kunitajia. Nilizipata mwenyewe usiku mmoja nikimaliza bando ya kulalia.

Tuanze na asteroidi ni nini, maana wengi wakisikia hilo neno wanafikiria filamu ya dunia kuisha. Asteroidi ni jiwe, au rundo la mawe, linalozunguka Jua kama Dunia inavyolizunguka, ila ni dogo mno kuitwa sayari. Mengi yanakaa kwenye ukanda mmoja mpana kati ya Mirihi na Mshtarii. Mirihi ndiyo ile nyekundu, Mshtarii ndiyo ile kubwa kuliko zote. Ni masalio ya ujenzi: mfumo wa Jua ulipokuwa unaundwa miaka bilioni 4.6 iliyopita, vifaa vingine vilitumika kujenga sayari na vingine vikabaki sitini, kama kokoto unazoziona kando ya ghorofa jipya pale Busia. Nguvu ya uvutano ya Mshtarii iliyavuruga mawe hayo yasishikane kuwa sayari moja. La kwanza kuonekana ni Ceres, Januari 1, 1801, kule Palermo, Italia. Leo yanayojulikana yamepita milioni moja.

Lakini mwaka 1933 yaliyokuwa na namba rasmi hayakufika hata 1,300. Kupata moja ilikuwa kazi ya baridi, ya mkono na ya macho.

Aliyeifanya anaitwa Cyril Jackson. Alizaliwa Uingereza mwaka 1903, akahamia Afrika Kusini akiwa mtoto, na kufikia mwaka huo alikuwa ameajiriwa kwenye kituo cha kuchunguza nyota cha Union Observatory, Johannesburg. Alikuwa na miaka 29. Naomba uishike hiyo namba. Hakuwa mzee wa ndevu nyeupe. Alikuwa rika la hawa vijana tunaokaa nao kwenye stage tukingoja wateja.

Johannesburg mwezi Juni ni kipupwe. Usiku ni mrefu, hewa ni kavu, mawingu ni machache. Wakati huo picha ya anga ilipigwa kwenye bamba la kioo lililopakwa dawa ya kunasa mwanga. Unaelekeza darubini sehemu moja, unaacha bamba likinyonya mwanga kwa muda mrefu, halafu baadaye unapiga tena sehemu ile ile. Kesho yake unayaweka mabamba mawili kwenye mashine inayokuonyesha hili, kisha lile, kisha hili, haraka haraka. Nyota zinatulia mahali pake. Kitu chochote kilichosogea kinaruka huku na huku kama kiroboto kwenye shuka. Hicho ndicho unachotafuta.

Usiku wa Juni 15, 1933, vilivyosogea vilikuwa viwili.

Kuna utamu kwenye majina yao ya muda. Kitu kipya angani hupewa mwaka na herufi mbili. Herufi ya kwanza ni ya nusu ya mwezi: A ni Januari 1 hadi 15, B ni Januari 16 hadi 31, na kuendelea hivyo, herufi I ikirukwa. Juni 1 hadi 15 ni L. Herufi ya pili ni mpangilio ndani ya hiyo nusu mwezi. Jiwe la kwanza la Jackson likaandikwa 1933 LA, la pili 1933 LB. Yaani siku ya mwisho kabisa ya hiyo nusu mwezi ndiyo iliyotoa la kwanza na la pili. Angechelewa siku moja, yangeanza na M.

Baadaye njia zao zilipopigiwa hesabu zikajulikana vizuri, yakapewa namba za kudumu, 1278 na 1279. Na majina. LA ikawa Kenya. LB ikawa Uganda.

Jackson alikuwa na mazoea ya kuyapa mawe yake majina ya Afrika. Ukipitia orodha yake utafikiri unasoma ratiba ya basi: Nyanza na Kampala na Tana za mwaka 1935, Ruvuma ya 1937, halafu Julai ya mwaka huo huo wa 1937 akanasa Pemba, Mombasa na Somalia. Tanga alikuwa ameshaipata mapema, 1930, akishirikiana na bosi wake Harry Wood. Kwa jumla anahesabiwa kugundua asteroidi 72. Moja nyingine, 2193, imepewa jina lake mwenyewe.

Sasa hapa ndipo mimi huwa natulia kidogo. Hiyo Kenya ya 1933 ilikuwa koloni. Uganda ilikuwa nchi lindwa. Watu wa huku walikuwa wanalipa kodi ya kibanda, wanaume wamening'iniza kipande shingoni, na jirani zetu wa Kakamega walikuwa wanaona walowezi wakimiminika kuchimba dhahabu kwenye mashamba yao. Hakuna aliyeulizwa kama anataka nchi yake iwekwe angani. Sikasiriki, jina lenyewe nalipenda. Ila nikilisoma najua kwamba mtu aliyelichagua alikuwa anatazama ramani iliyochorwa na wenzake.

Na hiyo ramani yenyewe ilikuwa imeshahamishwa. Hadi Aprili 1, 1902, Mkoa wa Mashariki wa Uganda ulifika hadi kule Naivasha. Busia, Malaba, Kisumu, zote zilikuwa Uganda. Siku hiyo Waingereza wakasogeza mstari kwenye karatasi, na Wateso wakajikuta wengine huku, wengine kule, ukoo mmoja ukiwa na nchi mbili. Kwa hivyo kama haya mawe yangepewa majina kwa ramani ya 1901, sisi wa Kocholia tungekuwa tunajitafuta kwenye 1279.

Tuache siasa. Hilo jiwe letu likoje?

Asteroidi Kenya ina upana wa kama kilomita 20. Weka upande mmoja Malaba mjini: upande wa pili haufiki Busia. Ni ndogo. Lakini ukiisimamisha kando ya Mlima Elgon, ambao kilele chake kina mita 4,321, inauzidi zaidi ya mara nne. Kwa hivyo ni ndogo na ni kubwa, inategemea umesimama wapi.

Haina umbo la mpira. Tunajua hivyo si kwa sababu kuna picha yake ya karibu (hakuna chombo kimewahi kupita huko) bali kwa sababu mwangaza wake unapanda na kushuka inapojizungusha. Ikituonyesha ubavu mpana inang'aa, ikituonyesha ncha inafifia. Fikiria kiazi kitamu kikizungushwa mbele ya tochi.

Na hapo kwenye kujizungusha ndipo kuna maajabu. Asteroidi nyingi za ukubwa kama huu hujizungusha mara moja kwa saa chache tu, na zile zinazopitisha saa 20 huhesabiwa za polepole. Mombasa, ile 1428, ambayo ni kubwa zaidi, haifiki saa 20. Kenya inachukua saa 188. Siku saba na saa ishirini kujigeuza mara moja! Iko kwenye orodha ya asteroidi zinazojizungusha polepole sana.

Piga hesabu na mimi. Ukiwa umesimama katikati ya jiwe hilo, Jua likichomoza Jumatatu saa kumi na mbili asubuhi, halitui hadi Ijumaa kama saa kumi alfajiri. Ardhi unayoikanyaga inasogea kama mita 330 kwa saa. Mtoto anayetambaa anaweza kulifukuza Jua lisitue. Na hiyo ni kama jiwe linajizungusha kwa utulivu, maana mawe ya polepole namna hii mara nyingi huyumba, kama pia inayokaribia kuanguka, na Kenya nayo hushukiwa tabia hiyo.

Kwa nini ni mvivu hivyo? Mojawapo ya maelezo ni mwanga wa Jua. Jiwe linapashwa joto, halafu linalitoa joto hilo kwa upande mwingine, na kila linapotoa linasukumwa kidogo sana, kidogo kuliko pumzi ya mbu. Kwa kuwa halina umbo sawa, msukumo hausawazishwi. Mpe mamilioni mengi ya miaka, huyo mbu anaweza kufunga breki ya jiwe lenye kilomita nyingi. Kugongana na mawe mengine nako kunaweza kuchangia.

Uvutano wake ni wa kuchekesha. Nikichukulia kwamba ina uzito wa kawaida wa mawe ya aina yake, gunia la mahindi la kilo 90 ukiliweka kwenye mizani ya kamba huko litasoma kama gramu 70. Yai moja kubwa. Mabroda wa pale border wanaobebesha watu magunia wangefanya kazi kwa kidole kimoja. Lakini boda ndiyo ingekuwa na shida kubwa. Kasi ya kutoroka kwenye hilo jiwe, kwa hesabu hiyo hiyo, ni kama kilomita 44 kwa saa. Ukipiga hamsini ukakutana na tuta, hurudi chini. Umeenda. Wewe na abiria wako na ile kuku aliyofungwa nyuma. Kwa mji ambao neno lenyewe boda boda lilizaliwa, vijana wa baiskeli za Busia wakiwaita abiria wawavushe kutoka mpaka hadi mpaka, hiyo ni habari mbaya kibiashara.

Kuhusu mahali ilipo: inapolikaribia Jua kabisa huwa kama kilomita milioni 270 kutoka kwalo, na inapokuwa mbali kabisa hufika kama milioni 450. Mzunguko mmoja ni karibu miaka mitatu na miezi tisa. Tangu Jackson aione imezunguka kama mara 24 hivi. Hata ikija karibu haivuki njia ya Mirihi, kwa hivyo usisumbuliwe na mtu atakayekuambia asteroidi Kenya inakuja kugonga nchi ya Kenya. Mapema 2025 mliona kelele za ile iitwayo 2024 YR4, nafasi ya kugonga Dunia mwaka 2032 ikapanda hadi asilimia 3.1, halafu vipimo vilipoongezeka ikaporomoka karibu na sifuri. Magrupu yalikuwa yameshatubu.

Uganda nayo iko kwenye sehemu hiyo hiyo ya ndani ya ukanda, na mzunguko wake haupishani sana na wa Kenya. Lakini si sawa kabisa. Kwa hivyo usidhani zinatembea zimeshikana mikono. Usiku ule wa 1933 zilikuwa zinaonekana zote kutoka Johannesburg. Miaka mingine zinakuwa pande mbili tofauti za Jua. Kidogo kidogo moja inaiacha nyingine, hadi siku moja inaikuta tena kutoka nyuma.

Kuna swali ambalo ni muhimu kuliko hayo yote: imetengenezwa na nini? Kenya ni asteroidi ya mawe. Si chuma kitupu, na si zile nyeusi kama makaa zinazorudisha mwanga kidogo sana, ambazo Mombasa na Nyanza ni mfano wake. Mawe ya aina hii ni madini ya kawaida ya miamba yaliyochanganyika na chembe za chuma na nikeli.

Na hapo, msomaji, si lazima uende angani. Vipande vya mawe ya jamii hiyo vimeshakuja hadi huku kwetu.

Ijumaa, Agosti 14, 1992, kama saa tisa na dakika arobaini alasiri, mwamba kutoka angani ulipasuka juu ya Mbale. Mbale ni hapo tu. Ukivuka Malaba, upite Tororo, unaendelea kaskazini. Mamia ya mawe yalinyesha juu ya mji. Mengine yalitoboa paa. Jiwe moja la gramu 3.6 lilipita kwenye majani ya mgomba, likapungua kasi, likamgonga mvulana kichwani. Hakuumia. Ni mmoja wa binadamu wachache sana duniani ambao kugongwa kwao na kimondo kumeandikwa na wanasayansi, na ni jirani yetu. Bila ule mgomba sijui.

Wanasayansi kutoka Uholanzi walikuja, wakashirikiana na wa Uganda, wakaenda shamba kwa shamba wakiweka alama kila jiwe lilipoanguka. Kilo kama 150 zilipatikana. Lakini walipofika walikuta watu wengine wameshayasaga mawe hayo wakawa wanayanywa au kujipaka, wakiamini ni dawa ya UKIMWI iliyotumwa na Mungu. Kabla hujacheka, kumbuka hiyo ilikuwa 1992, mashariki mwa Uganda. Watu walikuwa wanazika kila wiki. Hakukuwa na dawa. Kitu kikianguka kutoka mbinguni wakati kama huo, wewe ungekitazama vipi?

Jiwe la Mbale lilipopimwa lilikuwa la aina ya kawaida ya vimondo vya mawe, na ndani ya aina hiyo ni la kundi linaloaminika kutokana na asteroidi moja kubwa iliyovunjikavunjika kama miaka milioni 470 iliyopita. Silisemi ni kipande cha asteroidi Kenya. Ninachosema ni kwamba ni jamii moja ya mawe, na hilo limethibitishwa: mwaka 2010 chombo cha Japani, Hayabusa, kilirudi na vumbi la asteroidi ya mawe iitwayo Itokawa, na vumbi hilo likalingana na vimondo vya aina hiyo hiyo ya kawaida. Ukitaka kujua sura ya asteroidi yetu, jiwe la Mbale ni kama kumwona binamu yake.

Julai 16, 2011, ikawa zamu ya Thika. Asubuhi, kishindo, mawe kuanguka mashambani. Aina ile ile tena. Safari hiyo wanunuzi kutoka ng'ambo walifika haraka, mifuko imejaa, na neno likaenea nchi nzima kwamba kimondo ni pesa.

Na kweli ni pesa. Ndiyo maana hapa mpakani kuna biashara ya vimondo feki.

Mwaka jana jamaa yangu wa boda alinipigia simu kutoka Malaba.

"Brathe, wewe si ndiye wa mambo ya nyota? Kuna mzee hapa ako na kimondo. Anasema kilianguka kwao Tororo. Anataka elfu kumi na tano tu, sisi tunaenda kuuza Nairobi milioni."

"Kina matundu?"

"Matundu mob! Kama sponji."

"Achana nacho. Hayo ni mavi ya chuma."

Akanyamaza. Halafu akaniuliza kama nina uhakika, maana mwenzake ameshatoa pesa mfukoni. Yeye hakununua. Mwenzake alinunua, na mpaka leo hiyo milioni inazuia mlango wa kibanda chake usipigwe na upepo. Elfu kumi na tano kwa mtu wa boda ni wiki mbili na zaidi za kulala njaa.

Kwa hivyo sikiliza vizuri, hii inaweza kukuokolea hela. Kimondo cha mawe kilichoanguka juzi kina ngozi nyembamba nyeusi, kama kilipakwa rangi, kwa sababu uso wake uliyeyuka kikipita hewani. Ndani ni cha kijivu. Ukikata kona au ikiwa kimepasuka utaona vidonge vidogo vya mviringo na chembe zinazong'aa za chuma. Ni kizito kuliko jiwe la mtoni la ukubwa huo. Sumaku inakishika, kwa sababu ya ile chuma. Na hakina mapovu. Mabaki ya kuyeyusha chuma, ambayo yamejaa kandokando ya reli na nyuma ya karakana, nayo yanashika sumaku na nayo ni meusi, ila yana matundu ya hewa na mara nyingi yanang'aa kama chupa. Sumaku pekee isikudanganye. Matundu ndiyo yanayomsaliti tapeli.

Tena usikiguse kimondo kipya kwa mikono michafu wala usikioshe. Andika mahali na saa ulipokiokota, kipige picha kikiwa chini kabla ya kukiinua. Chenye maelezo hayo kina thamani kubwa zaidi kwa wanasayansi kuliko kile kilichozungushwa kwenye mifuko ya watu kumi.

Sasa turudi kule juu, kwa sababu kuna jambo linanikera tangu niisome hii habari. Yale masaa 188 ya Kenya, vipimo vya namna hiyo kwa sehemu kubwa hufanywa na watu wa kawaida. Dunia nzima, wanaopima mwangaza wa asteroidi ni pamoja na walimu waliostaafu, mafundi, watu wenye darubini nyuma ya nyumba na kamera ya kompyuta, wanaokesha wiki baada ya wiki na kutuma matokeo. Kenya ikiwa karibu, darubini ya kioo cha sentimita 20 inaiona kama kidoa. Sisi tuko karibu kabisa na ikweta, tunaona anga ya kaskazini na ya kusini. Ukitoka kidogo nje ya taa za Malaba kuelekea vijijini, giza lipo la kutosha, na stima ikipotea, ambayo si nadra, lipo la kubaki. Lakini darubini hatuna.

Kitu fulani kinafanyika, sikatai. Shirika la Anga za Juu la Kenya lipo tangu 2017, na setilaiti ya Taifa-1 ilirushwa Aprili 15, 2023. Susan Murabana na mumewe wamekuwa wakizungusha darubini shuleni kupitia The Travelling Telescope, na watoto wengi wameona pete za Zohali kwa mara ya kwanza kupitia mikono yao. Hiyo ni kazi ya kuheshimiwa. Ila nchi ni kubwa, na darubini moja ya kuzunguka haiwezi kufika kila soko.

Habari njema ni kwamba kutafuta asteroidi mpya siku hizi hakuhitaji uwe na darubini. Kuna mpango wa kimataifa uitwao IASC unaogawa bure picha za anga zilizopigwa na darubini kubwa, zikiwemo za Pan-STARRS kule Hawaii. Mnajiandikisha kama timu, mnatumiwa picha nne za sehemu moja ya anga zilizopishana kwa dakika chache, mnazipitisha moja baada ya nyingine kwenye programu, mnatafuta kidoa kinachoruka. Ni ile ile kazi ya Jackson ya mwaka 1933, ila bila baridi na bila vioo. Mkikiona mnaandika ripoti. Kikithibitishwa kinapewa jina la muda, mwaka na herufi. Halafu mnasubiri miaka, kwa kawaida zaidi ya mitano, njia yake ijulikane vizuri na kipewe namba. Baada ya hapo mwenye kugundua ana miaka kumi ya kupendekeza jina. Sharti lisizidi herufi 16. Kocholia ina nane.

Nimeshaongea na vijana watatu wa hapa, wawili wa Malaba na mmoja anavuka kila siku kutoka upande wa Uganda kuja kuuza line za simu. Tunatafuta wa nne na wa tano. Programu inayotumika, Astrometrica, inataka Windows, kwa hivyo simu pekee haitoshi. Kama una laptop hata ile ya zamani yenye betri iliyokufa, lete na chaja yake.